Si Kila Moto wa Nyasi ni Kichaa

Kiangazi kinapokaza, kati ya Juni na Oktoba, maneno mawili hutawala ndimi za viongozi wetu Tanzania: moto kichaa. Afisa misitu huyatamka kwenye mkutano wa kijiji, mkuu wa wilaya huyaweka kwenye agizo lake, na magazeti huyapachika kwenye vichwa vya habari. Moshi ukionekana mlimani, bondeni au mbugani, jina ni hilo hilo. Ni nadra kusikia mtu akiuliza moto uliwashwa mwezi gani, na nani, kwa kusudi lipi, na kilichoungua ni nini. Jina limekwisha kutoa hukumu kabla shauri halijasikilizwa.

Nyuma ya jina hilo imejengeka rai ambayo leo inapita kama ukweli usio na mpinzani. Inasema hivi: moto wa nyasi ni uharibifu, popote na wakati wowote. Unaletwa na ujinga wa mkulima, ukaidi wa mfugaji, au uzembe wa mwindaji na mrina asali. Unageuza misitu kuwa nyika na nyika kuwa jangwa. Kwa hiyo dawa yake ni moja tu: kupiga marufuku, kukamata na kushtaki. Rai hii inatetewa na watu waadilifu wanaoipenda nchi, na wengi wao wameshuhudia hasara kwa macho yao. Sibezi hasara hizo, nitazitaja. Ninachokipinga ni kuchukua moto wa aina moja na kuufanya kipimo cha mioto yote, maana kosa hilo limetugharimu malisho, mifugo, wanyamapori, na hata misitu ileile inayodaiwa kulindwa.

Tuanze na jina, kwa kuwa ndimo kosa lilimoanzia. Moto kichaa, kwa maana yake ya haki, ni moto usio na mwenyewe wala mpaka: umewashwa ovyo, au umemponyoka aliyeuwasha, na sasa unakwenda unakotaka. Maana hiyo ni finyu na inafaa. Mbwa kichaa naye ni mbwa aliyepatwa na ugonjwa, na hakuna kijiji kinachoua mbwa wote kwa sababu mmoja ameugua. Lakini kwa moto ndivyo tulivyofanya. Tumelitanua jina mpaka likamfunika mfugaji anayechoma kipande cha malisho mwezi wa Juni, nyasi zikiwa bado na unyevu, vijana wake wakiwa wamesimama pembeni na matawi mabichi mikononi. Wapo waandishi wa Kiswahili wanaosema moto wa nyika, jina linalotaja mahali bila kumhukumu mtu. Sisi tumechagua jina ambalo ukichaa wake unamrudia aliyewasha, na mtu akishaitwa kichaa hakuna anayejishughulisha kumuuliza anajua nini.

Rai inayotawala inauona moto kama mgeni aliyevamia. Mbuga za Afrika zinashuhudia vingine. Nyasi za nchi zetu za joto zimeishi na moto kwa mamilioni ya miaka, tangu kabla binadamu hajalima wala kufuga. Zinaota kutoka chini, kwenye shina lililojificha usawa wa udongo. Moto ukipita unakula majani makavu ya juu, na uhai unabaki pale chini ukingoja mvua. Iko hata miti iliyojijenga hivyo: sehemu kubwa ya mti imo ardhini, na juu hutokeza vitawi vifupi tu. Mwanabotania Frank White aliandika kuihusu mwaka 1976 akiiita misitu ya chini ya ardhi ya Afrika, na watafiti waliomfuata wameihusisha asili yake na moto. Mmea haupati umbo kama hilo kwa sababu ya wanakijiji waliochoma pori kwa miaka mia moja.

Tena nyasi zisizoguswa huumia. Themeda triandra, mojawapo ya nyasi zinazotawala mbuga za Afrika Mashariki, hudhoofika majani ya mwaka jana na ya juzi yakirundikana juu yake, kwa kuwa mwanga haufiki chini na machipukizi hukosa nafasi. Lazima kitu kiyaondoe majani hayo, ama mdomo wa mnyama, ama moto. Serengeti imetufundisha jambo hili vizuri kuliko darasa lolote. Sotoka, ugonjwa wa ng'ombe, ilipoingia Afrika Mashariki mwanzoni mwa miaka ya 1890 iliua ng'ombe, nyati na nyumbu kwa wingi wa kutisha, na iliendelea kuwabana nyumbu kwa miongo kadhaa. Ilipodhibitiwa kwa chanjo ya ng'ombe, nyumbu wa Serengeti waliongezeka kutoka takriban robo milioni mwanzoni mwa miaka ya 1960 hadi zaidi ya milioni moja mwishoni mwa miaka ya 1970. Nyasi zikapata mlaji, moto ukakosa chakula, eneo linaloungua kila mwaka likapungua, na miti ikaongezeka. Nyasi ambazo hazikuliwa na mnyama zitaliwa na moto, leo au kesho. Hiyo ndiyo kanuni ya mbuga, na agizo la mkuu wa wilaya haliwezi kuifuta.

Waswahili husema, ukiona vyaelea vimeundwa. Mbuga tulizozirithi ziliundwa pia na mikono ya watu. Helge Kjekshus, mtaalamu wa Norway aliyefundisha Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, alieleza katika kitabu chake cha mwaka 1977 kwamba watu wa Tanganyika kabla ya ukoloni waliyashika mazingira yao kwa kulima, kuchunga, kufyeka na kuchoma, na kwa njia hiyo walimweka mbali mbung'o, nzi anayewaletea ng'ombe nagana na binadamu malale. Kisha sotoka ilifagia mifugo. Njaa, ndui na vita vya wakoloni, pamoja na mauaji yaliyofuata vita vya Maji Maji vya 1905 hadi 1907, vilipunguza watu. Mikono iliyokuwa ikishika panga na kijinga cha moto ikawa michache, vichaka vikarudi, na mbung'o akarudi navyo. John Ford, mtaalamu wa mbung'o aliyefanya kazi Afrika kwa miaka mingi, alikuwa ameandika mambo yanayokaribiana na hayo mwaka 1971. Wapo waliosema kwamba Kjekshus aliipamba mno hali ya kabla ya ukoloni, na huenda wana hoja. Lakini kiini cha maelezo yake kimesimama: sehemu kubwa ya pori ambalo watawala walilikuta na kuliita la asili lilikuwa pori jipya, lililoota juu ya msiba. Nao wakaamua kulilinda dhidi ya watu waliokuwa wamelizuia kwa vizazi.

Hata serikali ya kikoloni iliijua nguvu ya moto ilipobanwa. Huko Shinyanga katika miaka ya 1920, Charles Swynnerton, aliyeongoza mapambano dhidi ya mbung'o Tanganyika, aliwahamasisha Wasukuma wachome pori kwa pamoja mwishoni mwa kiangazi, ili moto uwe mkali na uharibu vichaka vilivyomficha nzi. Moto ambao wataalamu wa misitu waliuhesabu kuwa adui, wataalamu wa mbung'o waliufanya silaha. Mchomaji alikuwa mwanakijiji yuleyule. Kilichobadilika ni nani ametoa amri. Tabia hiyo ya kuupima moto kwa cheo cha mtu aliyeuagiza imebaki nasi mpaka leo.

Anayetaka kujua marufuku ya moto huzaa nini aitazame Kreta ya Ngorongoro. Wamaasai waliishi ndani ya kreta hadi walipoondolewa mwaka 1974. Walichunga humo, na walichoma nyasi mara kwa mara kama ilivyo desturi ya wafugaji, ili kuondoa nyasi kongwe na kupunguza kupe. Walipoondolewa, uchomaji ulikoma. Nyasi zikarefuka, kupe wakaongezeka. Mwaka 2000 na 2001, wakati wa ukame mkali na baada yake, maradhi yakiwamo yale yanayoenezwa na kupe yaliua nyati kwa mamia, yakaua nyumbu na pundamilia wengi, na miongoni mwa waliokufa walikuwamo simba na faru weusi, mnyama ambaye kila kichwa chake kinahesabiwa. Kuanzia 2001 sehemu za kreta zilianza kuchomwa tena kwa zamu, na watafiti waliofuatilia kupe waliwakuta wamepungua sana. Elimu iliyorudishwa kwa jina la sayansi ni ileile iliyofukuzwa pamoja na wenye mifugo.

Juu ya kreta, kwenye nyanda za juu, kuzuiwa kwa moto kulisaidia kuenea kwa Eleusine jaegeri, manyasi magumu yanayoota kwa mashungi, ambayo ng'ombe hawayataki. Mfugaji anayeona malisho yake yakimezwa na manyasi yasiyolika, huku ndama wake wakifa kwa ndigana kali, ana sababu timamu ya kutaka kuchoma. Kumwita mjinga ni kutangaza kwamba hatujawahi kumsikiliza.

Upo ushahidi mwingine, nao ulikusanywa kwa subira. Mwaka 1933, karibu na Ndola katika nchi ambayo sasa ni Zambia, wataalamu walitenga viwanja ndani ya msitu wa miombo. Vingine vilichomwa kila mwaka mapema, vingine vilichomwa mwishoni mwa kiangazi, na vingine vililindwa visiguswe na moto kabisa. Colin Trapnell alichapisha matokeo mwaka 1959. Palipochomwa mwishoni mwa kiangazi, msitu ulididimia, ikabaki nyasi na miti michache inayostahimili moto. Palipochomwa mapema, miombo iliendelea kusimama. Palipolindwa kabisa, vichaka na miti ya aina nyingine isiyopukutisha majani vilianza kuingia na kuubadili msitu. Udongo ulikuwa mmoja na mvua ilikuwa moja. Kati ya viwanja vilivyochomwa, tofauti ilikuwa mwezi.

Sababu yake haina fumbo, na wazee wa nyika wanaijua. Mei na Juni nyasi bado zina maji na usiku una umande. Moto hutembea polepole kwa viraka, ukaacha sehemu hapa na pale, na mara nyingi hufa wenyewe giza likiingia. Ifikapo Septemba na Oktoba nyasi zimekauka kabisa, jua ni kali, upepo unavuma, na miombo imeanza kutoa yale majani mapya mekundu kabla mvua haijafika. Moto wa wakati huo hupanda hadi matawini, huua miche, hupasua magome, hula mizinga ya nyuki na huvuka mto. Huo ndio moto unaostahili jina la kichaa.

Na hapa ndipo marufuku inapojipinga yenyewe. Mtu anayeogopa kukamatwa hachomi mchana wa Juni mbele ya jirani zake. Huwasha kwa siri na kukimbia, hivyo moto unakosa mwangalizi. Au hachomi kabisa, nyasi zikarundikana mwaka hadi mwaka, mpaka siku ya Oktoba zinapokutana na cheche ya tanuri la mkaa au kipisi cha sigara. Tunaposema tumekomesha moto, kwa kweli tumeuahirisha na kuuongezea nguvu. Marufuku isiyobagua moto ndiyo inayozalisha moto kichaa.

Lipo pia suala la haki. Hifadhi za Taifa, Serengeti ikiwamo, huchoma nyasi kwa mpango mwanzoni mwa kiangazi ili kupunguza mrundikano, kukinga mipaka na kuwapatia wanyama majani mabichi. Jambo hilo ni sahihi na nalisifu. Lakini likifanywa na askari mwenye sare linaitwa usimamizi wa ikolojia, na likifanywa na mzee wa Kimaasai au wa Kisukuma upande wa pili wa mpaka linaitwa moto kichaa. Mwezi ni uleule, nyasi ni zilezile na kusudi ni lilelile. Kinachotofautiana ni heshima. Wenzetu wamekwisha kulitambua hilo. Kaskazini mwa Australia, katika Arnhem Land ya magharibi, wenyeji wa asili wamekuwa wakilipwa tangu 2006 kwa kuchoma mapema kwa maarifa ya mababu zao, kwa sababu uchomaji huo hupunguza mioto mikubwa ya mwisho wa kiangazi na gesi inazotoa.

Wanaonipinga watanielekeza Kilimanjaro, na wana haki ya kufanya hivyo. Moto wa Oktoba 2020 uliunguza takriban kilomita za mraba 95 za mlima ule. Andreas Hemp, aliyeuchunguza mlima huo kwa miaka mingi, ameonyesha kwamba tangu 1976 moto umeuteremsha mpaka wa juu wa msitu na kula miti inayokamata maji ya ukungu, na kwamba hasara hiyo ya maji ni kubwa kuliko ile ya kuyeyuka kwa barafu ambayo dunia nzima inaililia. Misitu ya mvua ya Usambara, Uluguru na Udzungwa nayo haikuumbwa kwa moto. Ikiungua haifufuki kwa mvua moja. Mashamba ya misindano na mikaratusi ya Sao Hill ni akiba ya taifa na ya familia nyingi za Mufindi, na moto wa usiku mmoja huteketeza kazi ya miaka 20. Mahali kama hapo, moto uliowashwa ovyo ni kosa, na anayeuwasha aadhibiwe. Lakini hoja ya Kilimanjaro haiihukumu mbuga ya Shinyanga. Inathibitisha ninachokisema, kwamba mahali na wakati ndivyo vinavyoamua, na jina moja kwa vyote linatupofusha.

Watataja pia hewa ukaa. Nyasi zikiungua Juni hutoa hewa ukaa, na zikiota tena kwenye mvua huirudisha kwa sehemu kubwa katika majani mapya. Hesabu hiyo ni tofauti na ya msitu unaokatwa usirudi. Methani na gesi nyingine zinazotokana na moto hazirudi namna hiyo, nayo ni sababu ya ziada ya kuchoma mapema, kidogo, kwa viraka. Wanaosema kwamba nyika za dunia zinaungua zaidi kila mwaka nao wasome utafiti wa Niels Andela na wenzake uliochapishwa katika jarida la Science mwaka 2017. Kwa picha za setilaiti walionyesha kwamba eneo linaloungua duniani kwa mwaka lilipungua kwa takriban robo katika miaka 18 hadi 2015, na kwamba upungufu huo ulitokana zaidi na mashamba na mifugo kuongezeka kwenye mbuga. Moto wa nyasi unapungua kwa sababu nyasi zenyewe zinapungua. Hilo ndilo la kutuhangaisha.

Rai ile ya kulaani kila moto ina mtoto wake, naye ni hatari zaidi: kwamba kila mbuga ni msitu ulioharibika, kwa hiyo ipandwe miti. Mpango wa AFR100 uliozinduliwa mwaka 2015 ulilenga kurejesha hekta milioni 100 za ardhi ya Afrika ifikapo 2030. William Bond na wenzake walionya mwaka 2019 kwamba sehemu kubwa ya ardhi inayolengwa kwa mipango ya aina hiyo ni mbuga za kale zenye uhai wake, na kuzifunika kwa miti ni kuziua. Anayedhani nyasi ni umaskini wa msitu aende Kitulo, nyanda zinazoitwa Bustani ya Mungu, akaone aina zaidi ya 40 za okidi zikichanua pasipo na kivuli cha mti. Nchi inayolichukia jani la nyasi itauchukia moto wake, kisha itamchukia mfugaji wake.

Basi nini kifanyike? Kwanza, sheria isomwe kama ilivyo. Sheria ya Misitu ya mwaka 2002 ina sehemu nzima inayohusu moto, na haikukataza kila uchomaji. Iliuwekea masharti ya kibali na tahadhari. Tatizo ni kwamba kibali hakipatikani pale penye nyasi, kwa wakati unaofaa. Mamlaka hayo yashushwe kijijini. Kila kijiji chenye malisho au msitu wake kitunge sheria ndogo yenye kalenda ya moto: mwezi gani unaruhusiwa, kipande kipi mwaka huu na kipi mwakani, nani asimamie, majirani wajulishwe vipi, barabara za kuzuia moto zikatwe wapi. Baada ya tarehe iliyokubaliwa, mwiko. Wilayani Kilwa, kwenye vijiji vilivyovuna mpingo kwa cheti cha usimamizi bora wa misitu, cha FSC, kilichopatikana mwaka 2009, uchomaji wa mapema umeshawahi kuingizwa katika shughuli za kuulinda msitu. Jambo hili halihitaji muujiza wala mfadhili mpya.

Pili, adhabu ifuate kosa. Anayewasha Oktoba na kukimbia ashtakiwe. Anayechoma Juni kwa kibali cha kijiji alindwe, na maafisa ugani waende kujifunza kwake kabla ya kwenda kumfundisha. Tatu, wanahabari wenzangu tuache uvivu wa jina. Kabla ya kuandika moto kichaa, tuulize mambo manne: umewashwa lini, na nani, kwa nini, na umeunguza nini. Tukikosa majibu, tuandike moto wa nyasi na tuishie hapo.

Maafisa misitu mnaosoma haya, ninyi mnaijua mbuga kuliko mimi ninayeandika. Mmeona kwa macho yenu tofauti ya kiraka kilichochomwa Juni na bonde lililoteketea Oktoba. Semeni hadharani mnayoyajua. Mkiendelea kuita kila moto kichaa, mtawapoteza watu pekee wanaoweza kuwasaidia kuuzuia ule ulio kichaa kweli, yaani wenyeji wa nyika yenyewe.